Vitabu vya Zama za Waingereza katika Ugogo: Rafu Nne na Kitabu Kimoja

Mtu atakaye kujua jinsi Waingereza walivyotawala uwanda wa kati wa Tanganyika, yaani nchi ya Dodoma, Mpwapwa, Kongwa na Manyoni, hakosi vitabu. Shida yake ni kwamba vitabu hivyo havikai pamoja. Nilipokuwa ng'ambo nikiandika tasnifu yangu ya uzamivu, maktaba niliyoitumia ilikuwa imevitenga mbalimbali. Vya historia vilikuwa ghorofa ya pili, na vya sheria ghorofa ya nne. Vya majengo vilikuwa katika nyumba nyingine kabisa, ng'ambo ya barabara. Vile vya maisha ya watu, yaani kumbukumbu za magavana na mabwana shauri, vilipangwa chini karibu na mlango, mahali pa vitabu vya kujipumbaza.

Kitabu cha Marehemu Mathias E. Mnyampala, *Historia, Mila na Desturi za Wagogo wa Tanganyika*, kilichotolewa na East African Literature Bureau mwaka 1954, sikukiona katika rafu yo yote ya hizo nne. Nilikikuta mahali pa lugha, kati ya kamusi na vitabu vya sarufi. Mpangaji wa vitabu alikuwa ametazama lugha yake, asitazame habari zake. Kwake yeye kitabu kilichoandikwa kwa Kiswahili kilikuwa ni kitabu juu ya Kiswahili.

Makala haya ni uhakiki wa mpango ule wa rafu. Nataka kuonyesha mambo mawili. La kwanza ni kwamba kuzigawa habari za Ugogo katika historia, majengo, sheria na maisha ya watu si jambo la maktaba tu: mgawanyo huo umo ndani ya vitabu vyenyewe, nao umeharibu maana ya baadhi ya maneno ambayo maisha ya watu yalitegemea, na hata leo yangali yanayategemea. La pili ni kwamba kitabu cha Mnyampala si ghala tu la kuchukulia habari. Ni jibu. Na kwa kuwa ni jibu, kinastahili kuhakikiwa kama tunavyovihakiki vile vya Waingereza, wala si kusifiwa tu kwa sababu ni chetu.

Rafu ya historia

Waingereza waliingia Dodoma mwaka 1916, katika vita yao na Wajerumani, wakaondoka Tanganyika ilipopata uhuru mwaka 1961. Muda huo ni miaka 45. Miongoni mwa vitabu vya Serikali vya wakati huo, vilivyotumiwa sana ni *The Handbook of Tanganyika*, kilichohaririwa na Gerald Sayers mwaka 1930, na kile kilichokifuata, kilichohaririwa na J. P. Moffett mwaka 1958. Ni vitabu vya bidii. Mtu akitaka kujua habari za mvua, reli, madini na idara za Serikali, atazipata zimepangwa vizuri. Lakini akitaka kumjua mtu mmoja wa Ugogo mwenye jina lake, na neno alilolisema, atafunga kitabu mikono mitupu.

Kitabu kilichofanya jina la nchi hii lijulikane zaidi Uingereza ni cha Alan Wood, *The Groundnut Affair*, kilichotoka mwaka 1950. Humo mnasimuliwa mpango wa karanga wa Kongwa, uliobuniwa mwaka 1946, ukaanzwa mwaka 1947, na kuachwa mwaka 1951 baada ya kupoteza zaidi ya pauni milioni 36. Wood aliandika kwa ujasiri wakati mambo yenyewe yakiwa bado moto. Hakuficha jinsi mashine zilivyovunjika, jinsi udongo ulivyokauka ukawa mgumu kama tofali, wala jinsi wakubwa wa London walivyopanga kilimo cha nchi ambayo hawakuijua mvua yake. Kwa hayo kitabu chake kingali chastahili kusomwa.

Hata hivyo, fikra iliyouzaa mpango ule, nayo imo katika maandishi mengi ya wakati huo, ni kwamba Kongwa ilikuwa nchi tupu. Hapa mwanaisimu hana budi kusimama. Kiingereza kina neno la jumla kwa nchi isiyolimwa na isiyojengwa. Kiswahili chenyewe hutenga pori, nyika, msitu, mbuga na malisho. Mgogo, ambaye ni mfugaji na mkulima pamoja, huhitaji tofauti nyingi zaidi ya hizo, maana mahali asipolima mwaka huu ni malisho yake, na penye malisho leo huenda pakawa shamba la mwanawe. Peter Rigby, aliyekaa Ugogo mwanzoni mwa miaka ya 1960 na kutoa kitabu chake *Cattle and Kinship among the Gogo* mwaka 1969, alilieleza jambo hili vema: kuhamahama kwa kaya za Wagogo kulikuwa na sababu na taratibu zake. Basi nchi iliyoonekana tupu haikuwa tupu. Ni msamiati wa aliyeitazama uliokuwa mchache.

Jambo la pili ambalo rafu ya historia ilichelewa kulitamka ni Mtunya. Hilo ni jina ambalo Wagogo waliipa njaa ya miaka 1917 hadi 1920. Makadirio yanayotajwa na wanahistoria ni kwamba watu wapata 30,000 walikufa, katika nchi iliyokuwa na watu wapata 150,000. Ukame ulikuwapo, lakini ukame peke yake hauelezi msiba ule. Majeshi ya Wajerumani, kisha ya Waingereza, yalikuwa yamechukua ng'ombe, nafaka na wapagazi, na watu walipokosa mvua hawakuwa tena na akiba ya kuwavusha. Katika vitabu vya Serikali hiyo ni njaa moja katika orodha ya njaa. Kwa Wagogo ina jina, na njaa yenye jina ni kalenda: watu huhesabu kwayo waliozaliwa kabla na waliozaliwa baada. Ilipata kusubiri hadi mwaka 1990 ndipo Gregory Maddox alipoandika makala katika jarida la wanahistoria wa Afrika akaliweka jina lenyewe, Mtunya, kuwa kichwa cha habari. Tangu siku hiyo msomaji wa Kiingereza amejua kwamba lile ni tukio, si hali ya hewa.

Rafu ya majengo

Msafiri wa Kiingereza Richard Burton alipita Ugogo katika safari yake ya miaka 1857 hadi 1859, na katika kitabu chake cha mwaka 1860, *The Lake Regions of Central Africa*, alieleza habari za tembe. Tangu hapo wasafiri wengi wamelichora tembe: nyumba ndefu yenye paa bapa la udongo lililotandazwa juu ya magogo na fito, ikizunguka ua wa mraba ambamo ng'ombe hulala. Karne moja na zaidi baadaye, Susan Denyer katika kitabu chake cha mwaka 1978, *African Traditional Architecture*, aliyapanga majengo ya Afrika kwa maumbo na vifaa vyake, akafanya kazi ya maana ya kuonyesha kwamba huo ni ujenzi halisi na si vibanda tu.

Nalaumu jambo moja katika vitabu vya namna hii. Huchora kuta, paa na ua, lakini hawasemi ni nani hulala upande gani, na kwa haki gani. Tembe si jengo moja la mtu mmoja. Ndani yake kila mke ana nyumba yake, yaani sehemu yake yenye mlango, jiko na ghala, na watoto wake ni watoto wa nyumba ile. Ng'ombe waliotengewa nyumba ya mama fulani hutazamiwa kuwafaa wana wa nyumba hiyo. Rigby aliyafafanua haya kwa marefu, lakini kitabu chake kiko katika rafu ya elimu ya jamii, na mtu wa majengo hana sababu ya kwenda huko.

Tazama pia neno boma. Katika Kiswahili cha bara, boma ni ua wa ng'ombe, na boma ni afisi ya Serikali. Wajerumani walijenga maboma yao Mpwapwa, Kilimatinde na Dodoma, nao Waingereza wakayarithi, na mtu aliyeitwa shaurini aliambiwa aende bomani. Neno moja likabeba ua wa mifugo na ua wa utawala. Sidhani kwamba hiyo ni bahati tu. Mwenye tembe aliweka katikati ya kuta zake kile alichokithamini kuliko vyote, yaani ng'ombe wake. Serikali nayo iliweka katikati ya kuta zake kile ilichokithamini: daftari za kodi, bunduki na mahabusu. Mchora ramani za majengo hawezi kuona ulinganifu huu, maana kwake tembe ni ujenzi wa asili na boma ni ujenzi wa kikoloni, na kila kimoja kina sura yake ya kitabu.

Mwaka 1971, katika Operesheni Dodoma, watu wengi wa Ugogo walihamishiwa katika vijiji vya ujamaa, na kaya zilizokuwa zimetawanyika zikapangwa kwa mistari. Mwaka 1973 iliamuliwa kwamba makao makuu ya nchi yahamie Dodoma. Siku hizi tembe ni nadra mjini, na vijijini mabati yameshika nafasi ya udongo. Lakini neno kaya halikufa. Limetoka kijijini likaingia katika sensa, na karani wa hesabu wa mwaka 2022 aliuliza kila mlango habari za kaya. Neno lilelile, bali yule karani aliandika kaya ya watu watatu katika chumba cha kupanga, jambo ambalo babu wa Ugogo asingalilielewa kabisa.

Rafu ya sheria

Sasa tufike penye hatari kubwa zaidi, maana kitabu cha historia kikikosea hufedhehesha, bali kitabu cha sheria kikikosea hunyang'anya.

Gavana Donald Cameron, aliyetawala Tanganyika toka 1925 hadi 1931, alianzisha utawala wa kupitia wenyeji. Sheria ya mamlaka za wenyeji ilitungwa mwaka 1926, na ya mabaraza yao mwaka 1929. Mabaraza yakatakiwa yahukumu kwa mila. Lakini mila ya nani, na imeandikwa wapi? Hapo ndipo ilipoanza kazi ya Hans Cory, aliyezaliwa Austria akawa mtaalamu wa jamii wa Serikali ya Tanganyika. Pamoja na Hartnoll alitoa mwaka 1945 kitabu cha sheria za Wahaya, na mwaka 1953 akatoa peke yake *Sukuma Law and Custom*. Kazi hii ndiyo iliyoendelea hadi katika matangazo ya Serikali ya mwaka 1963, yaliyojaribu kuziunganisha mila za makabila yanayofuata ukoo wa baba kuwa kanuni zenye namba, juu ya mahari, ndoa, watoto, ulezi na urithi.

Bwana Cory alikuwa mtu wa kazi, na wala hakuwadharau wazee aliokaa nao. Njia yake ilikuwa kuwakusanya, kuwauliza, na kutafuta neno ambalo wote watalikubali. Ila njia hiyo ina kasoro mbili ambazo mtu wa lugha huziona upesi.

Kasoro ya kwanza ni ya kitenzi. Mzee anapoeleza mila kwa Kiswahili hutumia kiambishi hu-. Husema, mathalani, kwamba binti huachiwa shamba alitumie maisha yake. Kauli hii ni ya mazoea: yaeleza lile litokealo mara nyingi, na yaacha mlango wazi kwa lile litokealo mara moja moja, baraza likiona sababu. Kiingereza cha sheria hakina kiambishi cha namna hiyo. Kina kitenzi cha kuamuru. Basi kauli ya mazoea ikipita katika Kiingereza hutoka upande wa pili ikiwa amri. Tena ikirudishwa katika Kiswahili, hurudi na amri yake: binti atatumia shamba maisha yake, wala hataliuza. Mzee hakusema uongo, mfasiri hakukosea hata neno moja, lakini mlango uliokuwa wazi umefungwa.

Kasoro ya pili ni ya neno nyumba. Kanuni za urithi za 1963 humweka katika daraja la kwanza mwana mkubwa wa kiume wa nyumba ya kwanza, na wana wengine wa kiume katika daraja la pili, na mabinti katika daraja la tatu. Mwaka jana niliwauliza wanafunzi wangu hapa Dodoma maana ya maneno nyumba ya kwanza. Wengi, hasa waliozaliwa mijini, walisema ni nyumba ambayo marehemu aliijenga kwanza. Mmoja tu, aliyelelewa na bibi yake kijijini, alijibu kwamba ni mke wa kwanza pamoja na watoto wake. Wote walikuwa wasemaji wa Kiswahili tangu utotoni. Tofauti yao ilikuwa kwamba mmoja alikuwa amelijua tembe.

Hapa ndipo msomaji atakapoona hasara ya rafu zile. Nyumba ya kwanza katika kitabu cha sheria ni nyumba ileile iliyochorwa katika kitabu cha majengo, yenye mlango wake na ghala lake. Zamani mama wa nyumba ile alikuwa na sehemu yake ambayo watu wote waliiona kwa macho, na wajibu wa mrithi mkubwa kwa nyumba nyingine ulionekana vilevile, kwa kuwa wote walikaa kuzunguka ua mmoja. Tembe limeondoka, wajibu umefifia, na kilichobaki ni kanuni yenye namba inayompa mmoja zaidi na mwingine kidogo. Kanuni imeishi kuliko jengo lililokuwa likiieleza.

Wala haya si mambo ya kale. Mwaka 1990, katika Mahakama Kuu Mwanza, Jaji Mwalusanya alihukumu shauri la mwanamke wa Kihaya aliyerithi ardhi kwa wasia wa baba yake, akaiuza kwa mtu asiye wa ukoo. Kanuni zilisema mwanamke hana ruhusa ya kuuza ardhi ya ukoo. Jaji alizipima kanuni hizo kwa haki za binadamu zilizomo katika Katiba, akaamua kwamba mwanamke anayo haki ya kuuza kama mwanamume. Lakini kanuni za urithi hazikufutwa, na mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia mkataba wa kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake iliona, katika shauri la wajane wawili, kwamba Tanzania imeuvunja mkataba huo kwa sababu ya kanuni hizo. Mwenye kudhani kwamba uhakiki wa vitabu vya zamani ni mchezo wa wasomi, na akawaulize wajane.

Rafu ya maisha ya watu

Kumbukumbu za Waingereza waliotumikia Tanganyika ni nyingi, nami nitataja tatu. Cameron mwenyewe alitoa mwaka 1939 *My Tanganyika Service and Some Nigeria*. E. K. Lumley, aliyekuwa bwana shauri, alitoa mwaka 1976 *Forgotten Mandate*. Randal Sadleir alitoa mwaka 1999 *Tanzania: Journey to Republic*. Kati ya watatu hao, Sadleir ndiye aliyeishi karibu zaidi na Kiswahili, maana alifanya kazi ya magazeti ya lugha hii, na kitabu chake kina watu wenye majina, wanaocheka na kubishana naye. Kwa hiyo naona ni bora kuliko vingine viwili.

Lakini yatazameni majina ya vitabu. Cameron alisema habari za utumishi wake. Lumley alisema habari za dhamana iliyosahauliwa. Imesahauliwa na nani? Wagogo waliolipa kodi na kuitwa bomani hawakuisahau. Usahaulifu uliotajwa ni wa Uingereza, na jina la kitabu halioni haja ya kusema hivyo.

Sasa tuweke karibu yao jina la kitabu cha Mnyampala cha maisha yake mwenyewe, *Maisha ni Kugharimia*, kilichochapishwa mwaka 2013, miaka 44 baada ya kufa kwake. Mnyampala alizaliwa mwaka 1917, mwaka uleule Mtunya ulipoanza. Alikuwa karani, kisha liwali, kisha hakimu, na katika miaka ya 1960 akawa miongoni mwa viongozi wa UKUTA, chama cha usanifu wa Kiswahili na ushairi. Akafa mwaka 1969. Neno kugharimia limetoka katika gharama, lenye asili ya Kiarabu, na limetiwa kiambishi cha kutendea. Mtu hagharimu tu. Hugharimia kitu, hutoa kwa ajili ya kitu. Gavana alitumikia na bwana shauri alishika dhamana, bali karani mwenyeji aligharimia. Sina haja ya kutia chumvi: tofauti ya vitenzi hivi yatosha kueleza nani alilipa nini katika miaka ile 45.

Kitabu kimoja

Na tukirudie sasa kile kitabu cha 1954. Jina lake lina maneno matatu: historia, mila, desturi. La kwanza limetoka Ulaya, la pili Uarabuni, la tatu Uajemi. Hakuna hata moja lililozaliwa Ugogo, na hilo si aibu. Ndivyo Kiswahili kilivyo. La kustaajabisha ni neno ambalo halimo. Mwandishi alikuwa mtu wa baraza, aliyelijua neno sheria kuliko wengi wetu, naye hakuliweka katika jina la kitabu. Mwaka mmoja kabla yake, Cory alikuwa amelitanguliza neno lenye maana hiyo katika jina la kitabu chake juu ya Wasukuma. Mimi nasoma tofauti hii kuwa ni uamuzi. Mnyampala alieleza watu wanavyoishi. Hakutaka maelezo yake yawe namba za kuhukumia.

Sifa yake ya pili ni kwamba hakugawa. Habari za koo, za watemi, za ndoa na za maisha ya kila siku zimo katika jalada moja, na koo zina asili zake: mmoja alitoka kusini, mwingine magharibi, mwingine mashariki. Msomaji huona watu wakisafiri, wakikutana, wakioana, hata wakawa Wagogo. Kabila katika kitabu hiki si kitu kilichokutwa kimekaa. Ni kitu kilichofanyika.

Baada ya kusema hayo, haifai kunyamazia kasoro. Ya kwanza ni kwamba watemi wamepewa nafasi kubwa mno. Mwaka 1954 nasaba ya mtemi haikuwa hadithi tu. Utawala wa kupitia wenyeji ulitaka watemi wenye asili iliyothibitika, na karani aliyeiandika asili hiyo kwa Kiswahili safi alikuwa akikijenga kiti cha mtu fulani, na pengine kukipunguza cha mwingine. Miaka tisa baadaye, mwaka 1963, utemi ulifutwa kwa sheria, na sehemu kubwa ya kitabu ikawa kumbukumbu ya cheo kisichokuwapo.

Kasoro ya pili ni kwamba wasimulizi wake wamefichwa. Wazee walisema, lakini ni mzee gani, wa ukoo upi, na nani alimbishia? Mabishano yamelainishwa yakawa masimulizi ya sauti moja, na hapo Mnyampala hakuachana sana na Bwana Cory kama tungalivyopenda. Wanawake nao huonekana zaidi katika habari za ndoa na mahari, wakisemwa na si wakisema.

Kasoro ya tatu ni ya lugha. Kiswahili cha Mnyampala ni kizuri, na pengine uzuri huo umekuwa pazia. Jambo la Kigogo likitafsiriwa kwa neno la pwani lililo laini, msomaji wa Mombasa au Tanga hudhani amelielewa, kumbe ameelewa jambo la kwao. Nyumba ni mfano mmoja. Ukoo ni mwingine. Nchi, ambayo kwa Mgogo ilikuwa na mpaka wa mvua na wa mtemi wake, ni wa tatu.

Yafaa kufanywa nini? Mwaka 1995 Maddox alikitoa kitabu hiki kwa Kiingereza, akakitia utangulizi na maelezo. Mwaka 2006 akatoa kingine pamoja na Ernest Kongola, mwalimu mstaafu wa Dodoma aliyetumia miaka mingi kuandika kwa Kiswahili habari za koo na watu wa Ugogo. Hizi ni kazi za kushukuriwa. Lakini zimeleta hali ya ajabu: msomaji wa Kiingereza wa Mnyampala ana mtu wa kumshika mkono, na toleo la Kiswahili la 1954 halina. Kitabu cha Dodoma chaeleweka vizuri zaidi ng'ambo kuliko Dodoma.

Napendekeza kwa wenzangu wa taasisi za Kiswahili kazi iliyo ndogo kwa gharama na kubwa kwa faida: toleo jipya la *Historia, Mila na Desturi za Wagogo*, lenye maelezo kwa Kiswahili, faharasa ya maneno ya Kigogo yaliyofichika nyuma ya maneno ya pwani, na mchoro wa tembe wenye kuonyesha kila nyumba na mwenyewe. Chini ya neno nyumba iandikwe kanuni ya 1963 inayohusika, na hukumu ya 1990. Wazee waliolala katika tembe wangaliko, ijapokuwa hawazidi kuwa wengi. Na waulizwe sasa, kila mmoja kwa jina lake, na wanaobishana waandikwe wakibishana.